Basi la Mvinyo Lisimame Pniel

Mgeni akifika Cape Town leo, kabla hajamaliza kufungua begi atakuwa ameshapewa karatasi inayotangaza safari ya siku moja ya mashamba ya mizabibu. Atachukuliwa hotelini asubuhi, apelekwe Stellenbosch, kisha Franschhoek, pengine na Paarl. Ataonja mvinyo katika mashamba matatu au manne, ale jibini na chokoleti, apate chakula cha mchana chini ya mialoni, na jioni arudishwe mlangoni. Ni siku nzuri. Mlima Simonsberg unapendeza kweli, mvinyo wa huko unastahili sifa zake, na kiongozi hodari anaweza kukufundisha kwa saa chache mambo ya udongo, upepo wa bahari na mapipa ambayo kitabu kingekuchukulia mwezi mzima.

Sina ugomvi na siku hiyo. Ugomvi wangu ni na kauli iliyogeuka sheria miongoni mwa waendesha safari, wenye mashamba na watalii wenyewe, Waafrika tukiwemo: kwamba safari ya mvinyo ni starehe, na habari za utumwa na jasho la vibarua zina mahali pake, napo ni makumbusho ya mjini. Mgeni amelipa apumzike, asiharibiwe siku. Kauli hiyo husemwa kwa upole, hata kwa huruma, na ndiyo maana imekubalika bila kuhojiwa. Naipinga yote. Nasema safari ya siku moja yenye kiongozi ndiyo mahali pafaapo kuliko pengine popote pa kueleza nani aliipanda mizabibu ile, na kiongozi anayelinyamazia jambo hilo amemuuzia mgeni habari pungufu kwa bei kamili.

Kila kiongozi anaipenda tarehe 2 Februari 1659. Siku hiyo Jan van Riebeeck, mkuu wa kituo cha Kampuni ya Uholanzi ya India ya Mashariki, VOC, aliandika katika shajara yake akimshukuru Mungu kwamba zabibu za Rasi ya Tumaini Jema zimekamuliwa mvinyo kwa mara ya kwanza. Utaikuta tarehe hiyo kwenye vipeperushi na kwenye kuta za vyumba vya kuonjea. Sasa rudi nyuma miezi 10 tu. Tarehe 28 Machi 1658 meli iitwayo Amersfoort ilitia nanga palepale ikiwa na Waangola walionyang'anywa kutoka meli ya Kireno iliyokuwa ikiwapeleka Brazil. Wengi wao walikuwa watoto. Mwezi Mei ikafika meli ya pili, Hasselt, na watu waliotolewa pwani ya Guinea. Mtumwa aliutangulia mvinyo. Tangu mavuno yale ya kwanza hadi sheria ya kukomesha utumwa ilipoanza kutumika tarehe 1 Desemba 1834, hakuna msimu hata mmoja wa zabibu uliopita pasipo watumwa katika Rasi. Hata baada ya tarehe hiyo waliitwa wanagenzi na kulazimishwa kubaki kwa mabwana wao miaka minne zaidi, hadi Desemba 1838. Fidia ilitolewa, ila walipewa wenye watumwa.

Stellenbosch yenyewe ilianzishwa mwaka 1679 na Simon van der Stel, aliyeipa jina lake. Mwaka huohuo mjini Cape Town VOC ilijenga Slave Lodge, jengo la kulaza watumwa wa Kampuni, ambalo limesimama hadi leo. Mambo haya mawili yalikwenda pamoja kwa sababu mizabibu haijitunzi. Ardhi ivunjwe, mashina yapogolewe kila msimu wa baridi, magugu yang'olewe, zabibu zikatwe zote katika wiki chache za jua kali, zikanyagwe, mapipa yasafishwe. Mwanahistoria Robert Shell alikadiria kuwa watu wapatao 63,000 waliletwa Rasi wakiwa watumwa kati ya 1652 na 1808. Walitoka karibu kwa mafungu yanayolingana katika bara la Afrika, Madagaska, India na visiwa vya Indonesia. Mwaka 1813 Uingereza, iliyokuwa imeshaitwaa Rasi, ilipunguza ushuru wa mvinyo wake, mashamba yakapanuka kwa kasi, na mwanzoni mwa miaka ya 1820 mvinyo ukawa bidhaa kuu ya Rasi katika soko la nje. Wenye mashamba ya mizabibu walikuwa miongoni mwa wenye watumwa wengi zaidi. Nyumba nyeupe zenye paa za nyasi na kuta za mbele zenye mapindo, ambazo kila mtalii hupiga picha, zilijengwa kwa mikono ya mafundi watumwa.

Msomaji wa Kiswahili asidhani haya ni mambo ya watu wa mbali. Kati ya 1776 na 1778 VOC ilituma meli hadi mwambao wa Waswahili kununua watu wa kupelekwa Rasi, na shajara za safari mbili za aina hiyo zimesalia, na wanahistoria wameandika kuzihusu. Baadaye, Uingereza ilipopiga marufuku biashara ya watumwa baharini, manowari zake zilikamata meli zilizokuwa zikitoka upande wetu wa bahari na kuwashusha watu hao Cape Town. Waliitwa waliokombolewa, kisha wakafungwa kwa mikataba ya uanagenzi iliyoweza kufika miaka 14 kwa mabwana wapya. Wengi walitoka Msumbiji, wakaitwa Masbieker, na Wamakua walikuwa miongoni mwao. Mmakua wa Masasi akipanda basi la mvinyo leo anapita katika mashamba ambayo pengine yalilimwa na mtu wa lugha yake. Ana haki ya kuambiwa.

Wanaotaka tunyamaze wana jibu lao la kwanza, na ndilo linalorudiwa zaidi: mgeni hapendi historia nzito akiwa na glasi mkononi. Hili si kweli, na wao wenyewe wanajua si kweli. Angalia wanapomsimamisha mgeni huyohuyo. Kati ya Paarl na Franschhoek kuna gereza la Drakenstein, zamani likiitwa Victor Verster, ambako Nelson Mandela alitoka kwa miguu tarehe 11 Februari 1990, mkewe Winnie kando yake. Mbele ya lango kuna sanamu yake, ngumi juu. Safari nyingi za mvinyo husimama hapo. Watu wanashuka, wanapiga picha, wengine wanalia, wanarudi garini na kwenda kuonja mvinyo unaofuata. Hakuna anayesema siku imeharibika.

Franschhoek nako, mwisho wa barabara kuu, umesimama mnara wa Wahuguenot, Waprotestanti wa Ufaransa waliokimbia mateso ya dini na kuanza kufika bondeni humo mwaka 1688. Walikuwa watu wapatao 200. Kiongozi atakueleza kwa uchungu jinsi walivyofukuzwa kwao, jinsi walivyovuka bahari bila mali, kisha atakwambia hao ndio walioleta mvinyo, ingawa zabibu za Rasi zilikuwa zimeshakamuliwa kwa miaka 29 kabla hawajatia mguu. Mateso ya Wahuguenot hayamnyimi mtu hamu ya chakula. Kifungo cha Mandela hakimnyimi mtu hamu ya mvinyo wa Pinotage. Kwa nini basi mateso ya mtumwa aliyeitwa, tuseme, Februari van Mosambiek ndiyo yaharibu siku?

Jibu langu ni hili. Historia inayokubalika kwenye basi la mvinyo ni ile isiyomnyooshea kidole mwenye shamba linalofuata. Kifungo cha Mandela ni dhambi ya serikali iliyokwisha kuondoka, na mfalme wa Ufaransa aliyewatesa Wahuguenot amekufa zamani. Lakini utumwa wa mizabibu ulifanyika hapahapa, katika ua huu, chini ya paa hili, na shamba bado lina jina lilelile, kwa fahari ya mwaka uleule ulioandikwa kwenye lango: 1685, 1692, 1699. Shamba likijisifia miaka 330 ya mvinyo, limejisifia ndani yake karibu miaka 150 ya utumwa. Haliwezi kudai mwaka na kukana yaliyofanyika ndani ya mwaka huo. Kinacholindwa kwa ukimya ule ni lebo ya chupa, na mgeni amefanywa kisingizio.

Sasa niingie kwenye barabara yenyewe, maana hapo ndipo hoja ya wapinzani inapovunjika kabisa. Wanasema siku moja haitoshi: historia ya karne kadhaa haiwezi kubanwa kati ya kifungua kinywa na jibini, basi afadhali isiguswe kuliko kuguswa vibaya. Nimekaa kwenye basi kama hilo. Kutoka Cape Town hadi Stellenbosch ni kilomita 50 hivi, na asubuhi yenye magari mengi ni karibu saa nzima. Kutoka Stellenbosch hadi Franschhoek ni zaidi ya nusu saa. Kurudi mjini jioni ni zaidi ya saa nyingine. Muda wote huo kiongozi ana kipaza sauti na lazima aseme kitu. Katika basi nililopanda mimi, kipande kirefu cha njia kilijazwa na chemsha bongo ya aina za zabibu. Hakuna kozi ya chuo kikuu inayompa mwalimu wasikilizaji waliokaa, waliotulia, wasio na pa kwenda, wakiwa na somo lenyewe dirishani.

Na somo lipo dirishani kweli. Ukitoka mjini kwa barabara ya N2 unapita Langa, kitongoji kilichofunguliwa mwaka 1927 kwa ajili ya Waafrika waliotengwa na mji. Mbele zaidi, upande wa bahari, kuna Macassar, lilipo kaburi la kumbukumbu la Sheikh Yusuf, mwanachuoni wa Makassar aliyehamishwa na Waholanzi kutoka Indonesia. Alifika Rasi mwaka 1694 na wafuasi wake, akafa 1699. Walimweka shambani, mbali na mji, ili asikutane na watumwa Waislamu. Haikusaidia, watumwa waliotoroka walimfuata. Makazi yake yalikuwa karibu na mdomo wa mto Eerste, mto uleule unaopita katikati ya Stellenbosch na kunywesha mizabibu yake. Hapa naongeza neno kwa Muislamu asiyegusa pombe anayedhani safari hii haimhusu: baadhi ya waliolima mizabibu ile walikuwa Waislamu kama yeye, na Kiafrikana, lugha iliyojengewa mnara mkubwa juu ya Paarl, iliandikwa mapema kwa herufi za Kiarabu, katika madrasa za watumwa na wajukuu wao, kama Kiswahili chetu kilivyoandikwa.

Ndani ya Stellenbosch, karibu na chuo kikuu, kulikuwa na mtaa ulioitwa Die Vlakte. Mwaka 1964 serikali ya ubaguzi iliutangaza kuwa mtaa wa Wazungu, na watu wapatao 3,700 wa jamii iitwayo Coloured wakaondolewa. Wengi wao walikuwa vizazi vya watumwa wa mashamba yaliyouzunguka mji. Basi la mvinyo linapita hapo likitafuta maegesho.

Kisha barabara ya R310 inapanda mlima kwa kona za Helshoogte, na ikianza kushuka upande wa pili inaingia katika kijiji kidogo chenye kanisa la kupendeza. Kinaitwa Pniel. Kilianzishwa mwaka 1843 kama kituo cha misheni kwa ajili ya watumwa waliokuwa wameachwa huru katika mashamba ya jirani. Waligawiwa viwanja vidogo wajenge nyumba na kulima bustani zao, huku wakiendelea kufanya kazi ya ujira kwa waliokuwa mabwana wao. Wajukuu wa vitukuu vyao wapo hapo hadi sasa. Kuna makumbusho ya kijiji. Kuna wazee wanaoweza kukuhadithia ukoo wao nyumba kwa nyumba. Karibu kila basi la mvinyo liendalo Franschhoek kwa njia hiyo hukatisha katikati ya Pniel, na karibu yote hayapunguzi mwendo. Dakika chache mbele, kwenye shamba kubwa maarufu, yanasimama saa moja na nusu.

Ndiyo maana naona hoja ya muda ni ya uongo. Hakuna anayeombwa kuongeza siku ya pili. Hakuna anayeombwa kubadilisha njia. Kinachoombwa ni breki.

Kuna wanaokubali yote haya lakini wanasema: sawa, ila ni ya kale, waliotenda na waliotendewa wote wamekufa, na mgeni wa leo anakunywa mvinyo wa leo. Wenye kusema hivi waulizwe kuhusu dop. Hilo ndilo jina la utaratibu wa kumlipa kibarua sehemu ya ujira wake kwa mvinyo, mara kadhaa kwa siku, tangu asubuhi kabla jua halijawaka hadi jioni. Ulianza zama za watumwa, ukaendelea baada ya utumwa, na ulikuwa na faida mbili kwa mwenye shamba: aliuondoa mvinyo mbovu usiouzika, na alimfunga kibarua kwa ulevi asiweze kuhama. Sheria iliupiga marufuku katika miaka ya 1960. Katika mashamba mengine uliendelea hadi miaka ya 1990. Matokeo yake yapo wazi: mkoa wa Western Cape una viwango miongoni mwa vya juu kabisa duniani vya watoto wanaozaliwa na ulemavu kwa sababu mama zao walikunywa pombe wakiwa wajawazito. Mtoto aliyezaliwa hivyo mwaka 1990 ni mtu mzima leo. Anaishi. Pengine yumo shambani anakata zabibu huku kiongozi akisema kwamba mambo hayo yalikwisha.

Mwaka 2011 shirika la Human Rights Watch lilitoa ripoti kuhusu mashamba ya matunda na mvinyo ya mkoa huo, ikaeleza nyumba duni, vibarua wanaopuliziwa dawa za wadudu bila vifaa vya kujikinga, na vizuizi dhidi ya vyama vya wafanyakazi. Novemba 2012 vibarua wa De Doorns walifunga barabara. De Doorns hulima hasa zabibu za kula, lakini mgomo ulienea hadi maeneo mengine ya mkoa. Mshahara wa chini ulikuwa randi 69 kwa siku; walidai 150. Mwaka uliofuata serikali ikapandisha hadi 105. Bei ya chupa moja ya mvinyo mzuri kwenye chumba cha kuonjea ilizidi ujira wa siku nzima wa mtu aliyezikata zabibu zake. Haya nayo ni ya kale?

Hoja inayonigusa ni nyingine, na nitaijibu kwa heshima kwa kuwa mara nyingi inatoka kwa watu wenye uchungu wa kweli na vibarua haohao. Wanasema: utalii umeleta ajira. Binti wa kibarua leo anamimina mvinyo chumbani badala ya kuinama shambani. Kijana wa Cloetesville, kitongoji cha Stellenbosch, ndiye anayeendesha basi. Ukiwatisha watalii kwa habari za utumwa, Wazungu wa Ulaya watahamia mvinyo wa Chile, na atakayekosa mkate ni binti huyo, siyo mwenye shamba.

Kwanza, hofu hiyo haina ushahidi, na uliopo unaelekea upande wa pili. Shamba la Muratie, pembeni mwa Simonsberg, linauza mvinyo wenye jina la Ansela van de Caab, mwanamke aliyezaliwa mtumwa na kukulia Slave Lodge. Laurens Campher, askari Mjerumani aliyepewa shamba hilo mwaka 1699, alikuwa akienda kwa miguu hadi Cape Town kumwona, hata alipoachwa huru akaja kuishi naye shambani. Wageni wanaipenda habari hiyo, wanainunua na chupa yake. Huko Solms-Delta, karibu na Franschhoek, mwenye shamba alifungua makumbusho ya watumwa na kuandika ukutani majina ya waliofanyishwa kazi palepale, na watu walikwenda kwa wingi kuyaona. Biashara ile iliingia baadaye katika matatizo makubwa ya fedha, na wapo waliofurahi kusema tuliwaambia. Lakini mashamba ya mizabibu yasiyo na makumbusho yoyote hufilisika pia, kila mwaka, kwa sababu ya madeni, ukame na bei. Majina ya ukutani hayakuwahi kumfilisi mtu.

Pili, na hili ni zito zaidi, hoja hiyo inamfanya binti anayemimina mvinyo kuwa ngao ya ukimya ambao hakuuomba. Historia inayofichwa ni yake. Jina lake la ukoo huenda ni September au February, kwa kuwa babu yake alipewa jina la mwezi kama alama ya mali. Kumwambia asimame mbele ya wageni akisifu mapipa ya mwaloni wa Ufaransa huku akikatazwa kumtaja bibi yake aliyezikanyaga zabibu, kisha kudai kwamba tunafanya hivyo kwa ajili ya mkate wake, ni kumdhulumu mara ya pili. Ajira ambayo sharti lake ni kuficha asili yako ina kasoro, na kasoro hiyo inaondolewa kwa kumwachia mwenye habari aisimulie na alipwe kwa kuisimulia. Kijiji cha Pniel kikipokea mabasi ishirini kwa siku, watakaolipwa ni watu wa Pniel. Hapo ndipo ajira inapoongezeka.

Watu wenyewe wameshaonyesha kwamba hawana haja ya kufichwa. Ntsiki Biyela, kutoka kijiji cha KwaZulu-Natal, alikwenda Stellenbosch kwa ufadhili wa masomo akiwa hajawahi kuonja mvinyo. Mwaka 2004 akawa mwanamke mweusi wa kwanza nchini humo kutengeneza mvinyo akiwa mtaalamu mkuu, na baadaye akaanzisha mvinyo wake mwenyewe, Aslina, kwa jina la bibi yake. Paul Siguqa, ambaye mama yake alikuwa kibarua wa mashamba ya mizabibu, alinunua shamba la Klein Goederust huko Franschhoek mwaka 2019 na kulifungulia wageni. Hawa wanasema walikotoka kwa sauti kubwa, na glasi zao zinajaa. Ila nasikia tayari waendesha safari wanaanza kuwatumia kama kifuniko: mgeni anapelekwa Klein Goederust, anaambiwa mambo yamebadilika, basi limemaliza wajibu. Sivyo. Mashamba yanayomilikiwa na weusi bado ni machache mno katika eneo lililofanyiwa kazi na weusi tangu siku ya kwanza, na mgeni hawezi kuelewa ukubwa wa alichokifanya Siguqa kama hajaambiwa mama yake alisimama wapi.

Nageukia nyumbani kidogo, kwa sababu lawama hizi zikiishia Afrika Kusini zitakuwa za unafiki. Zanzibar tunampeleka mgeni Mkunazini asubuhi, lilipokuwa soko la watumwa lililofungwa 1873, akaone kanisa na vyumba vya chini. Mchana huohuo tunampeleka kwenye ziara ya viungo anuse karafuu, mdalasini na hiliki, kijana apande mnazi akiimba. Ni wangapi wanamwambia mgeni kwamba karafuu za karne ya 19, Unguja na Pemba, zilipandwa na kuchumwa na watu waliouzwa pale alipokuwa asubuhi, na kwamba utumwa haukufutwa kisheria visiwani hadi 1897? Sehemu mbili za habari moja tumezitenganisha kwa chakula cha mchana. Kosa ni lilelile la Stellenbosch, na dawa yake ni ileile.

Wapo watakaosema natia chumvi, kwamba wako viongozi wanaoeleza yote haya. Ni kweli wapo, na ni wazuri kupita kiasi. Wengine ni watu wa Pniel na wa Idas Valley, mtaa wa Stellenbosch, wenyewe. Lakini wanafanya hivyo kwa hiari yao, wakihatarisha bahashishi ya jioni na malalamiko ya mgeni mmoja aliyekuja kulewa. Haifai jambo la msingi kama hili litegemee ujasiri wa mwajiriwa. Litokane na kampuni inayouza safari, liandikwe kwenye karatasi pamoja na idadi ya glasi, na mashamba yanayotaka kupokea mabasi yaweke majina ya watumwa wao mahali pa wazi, kama wanavyoweka medali zao. Majina mengi yanapatikana: VOC ilikuwa kampuni ya makarani, iliandika kila kitu, na mirathi ya wenye mashamba iliorodhesha watu pamoja na mapipa na ng'ombe.

Mgeni ndiye mwenye nguvu hapa kuliko anavyodhani, kwa sababu ndiye mwenye fedha, na kampuni za Cape Town husikia fedha upesi. Kama wewe ni Mtanzania uliyekwenda kwenye mkutano, Mkenya aliye fungate, au unaishi ughaibuni na umekuja likizo, nenda Stellenbosch. Nenda Franschhoek. Onja, kula, piga picha milima. Lakini kabla hujalipa, uliza: tutasimama Pniel, na nani atatusimulia? Katika mashamba tunayokwenda, ni lipi limeweka wazi majina ya watumwa wake? Ukijibiwa kwamba hiyo ni safari ya mvinyo tu, chukua fedha zako uende kampuni ya jirani, na uwaambie kwa nini umeondoka.